Duka la, duka là

Kazi yangu ni kuandika vibao. Hapa Bukavu, mashariki ya Kongo, ukipanda toka Nyawera kuelekea Kadutu, utaona vibao vya saluni, vya mafundi cherehani, vya wauza sementi na vya makanisa yasiyohesabika. Baadhi ni mkono wangu. Siku hizi vijana wanachapa maturubai kwa mashine. Yanapendeza miezi michache, kisha jua linakula rangi nyekundu yote na picha inabaki ya buluu kama mtu aliyezama. Mimi bado niko na bati, rangi ya mafuta na brashi. Bei yangu ni kwa herufi. Nafasi kati ya maneno ni bure. Alama pia ni bure: nukta, mkato, na zile za Kifaransa zinazotua juu ya herufi kama inzi.

Haya ya bei nayasema mapema ili msije mkadhani ugomvi wangu na mama mmoja mwezi uliopita ulikuwa wa pesa. Ulikuwa wa neno, na neno lenyewe lina herufi mbili tu.

Mama huyo anauza mbegu. Kabichi, vitunguu, karoti, lengalenga, na dawa za kunyunyizia shambani. Wateja wake wengi ni wakulima wanaoshuka toka Kabare na Walungu, ndiyo sababu hakutaka Kifaransa. "Fundi, uniandikie Kiswahili, kila mutu asome." Sawa. Nikaenda nyumbani, nikapiga bati rangi nyeupe mara mbili, nikavuta uzi wa chaki, nikaandika DUKA LA MBEGU. Herufi 11, nyekundu, zenye kivuli cheusi. Pembeni nikamchorea kabichi, hiyo kwa mapenzi tu.

Siku ya kukitundika akatoka nje, akasoma kwa sauti, akanyamaza, akasoma tena.

"Fundi, ni nini hii umeandika?"

"Ni Kiswahili bora, mama."

"Duka là? Là wapi? Duka yangu iko hapa, haiko pale."

Msomaji wa Mombasa au Morogoro hapa amepotea, ngoja nimshike mkono. Kwetu ile là ya Kifaransa, yenye maana ya pale, imeingia katika Kiswahili chetu mpaka hatuisikii tena kama mgeni. Tunaiweka nyuma ya chochote tunachokionyesha kwa kidevu. Ile nyumba là. Ule mutoto là. Na ukitaka kumchokoza mtu barabarani: weye là! Ni kidole kilichogeuka neno. Kwa hiyo mama alisoma kibao changu kama mtu anayemwelekeza mgeni: duka lile pale, mbegu. Na wapita njia wawili waliosimama kuangalia nao walisoma vilevile, mmoja akacheka mpaka akashika goti.

Lawama ni ya sisi waandika vibao. Katika Kifaransa, là ya pale inavaa alama juu ya A, na la ile nyingine, inayotangulia jina la kike, haivai. Lakini sisi kwenye vibao vingi tunaandika herufi kubwa tupu, na juu ya herufi kubwa hatuweki alama, kwa sababu inagonga mstari wa juu au inatoka nje ya bati. Basi jicho la Bukavu limezoea kujiwekea alama lenyewe kila linapokutana na LA. Nimelifundisha mimi, miaka yote hii, na siku hiyo likaniadhibu.

Akasema, "Andika DUKA YA MBEGU, vile tunasemaka."

Kuna jambo moja kuhusu L na A ambalo mtu asiye wa kazi hii halioni. L ni herufi ya mvivu, mikwaruzo miwili umemaliza. A nayo si ngumu ukishajua kuuweka ule mkanda wa kiuno chini kidogo ya kati. Ila zikikaa jirani ni balaa. L haina kitu juu upande wa kulia, A haina kitu juu upande wa kushoto, hivyo kati yao panabaki shimo la hewa, na jicho linaona maneno mawili badala ya moja. Huwezi kuzisogeza karibu, kwa sababu huko chini miguu yao tayari inagusana. Dawa yake ni kuukata mguu wa L, kuufanya mfupi kuliko L nyingine zote kwenye kibao. Nilikuwa nimefanya hivyo. Nilitumia nusu saa nzima kwa neno hilo la herufi mbili, ndipo mama anasema lifutwe.

Nikaona nimtafutie ushahidi.

"Mama, weye ni mukatoliki?"

"Ndiyo."

"Ukifanya ishara ya musalaba unasemaka nini?"

Akaifanya palepale, mkono kwenye paji la uso: "Kwa jina la Baba, na la Mwana, na la Roho Mtakatifu. Amina."

"Si umesikia? La, la, la. Tatu. Hukusema jina ya Baba."

Akaniangalia kwa huruma, kama mtu anayemtazama mtoto aliyeshindwa hesabu. "Ile ni ya Mungu," akasema. "Duka ni yangu."

Sikuwa na jibu. Mpaka leo sina, na nimelifikiria sana nikiwa juu ya ngazi. Maana alisema kweli tupu. Sisi hapa tunayo hiyo la, tunaitamka kila asubuhi na kila jioni, lakini imekaa kanisani kama kanzu ya padri. Hakuna anayeivaa kwenda sokoni. Sokoni ni jina yangu, jicho yangu, duka ya mbegu, ziwa ya Kivu. Wenzetu wa pwani wanacheka wakitusikia. Kamati ya kusanifu Kiswahili iliyoundwa mwaka 1930 ilikuwa ya Kenya, Uganda, Tanganyika na Zanzibar, na msingi ulikuwa Kiunguja. Kongo ya Wabelgiji haikuwamo. Kwa hiyo mimi nikiulizwa kwa nini hatufuati kanuni, najibu kwamba hatukualikwa kwenye kikao.

Lakini msidhani la ni pambo la Waarabu au la wasomi wa pwani. Ni ya Kibantu kabisa, kuliko hata duka lenyewe, ambalo lilikuja na wafanyabiashara kwa njia ya Waarabu, Waajemi na Wahindi. Walimu wanaita ngeli ya LI-YA: jicho li wazi, jino limeng'oka. Ile li ikikutana na a ya umilikaji inatoa lya, kisha y inamezwa, inabaki la. Kama vile ki na a zilivyozaa cha. Marehemu bibi yangu, aliyezaliwa upande wa Walungu na ambaye Kiswahili alikijua cha kununulia chumvi tu, alisema kwa Mashi, lugha ya kwao, izino lyani, yaani jina langu. Lya kamili, y bado hai. Kwa hiyo bibi, bila darasa hata moja, aliishika kanuni ya la kuliko sisi wajukuu tuliosoma. Tuliitupa mahali fulani kati ya kijiji na mji, watu wa lugha nyingi walipokutana na kila mmoja akapunguza mzigo wake ili waelewane haraka.

Na kuna kichekesho kingine nilichokigundua palepale mbele ya mama. Katika Kiswahili bora, wingi wa duka la ni maduka ya. Nikamwambia, "Mama, fungua la pili, niandike MADUKA YA MBEGU. Kiswahili bora watafurahi, Bukavu watafurahi, ugomvi umeisha."

"Na pesa ya la pili utanipa weye?"

Mmesikia alivyosema? La pili. Alilirudisha neno langu bila kujua, na mimi nikanyamaza, maana ukimwonyesha mtu kosa lake wakati amekwisha kukasirika unapoteza na kazi.

Jua lilikuwa limepanda. Binti yake akaleta bugali, sombe ya majani ya muhogo na sambaza, wale samaki wadogo wa ziwani, wa kukaanga, mama akavuta kiti cha plastiki. "Njoo tukule kwanza." Nikala. Na huko ndiko nilikokumbuka kwamba kuna la nyingine, ambayo haina ugomvi na mtu yeyote.

Kitenzi cha kula, ukikivua nguo zote, kinabaki la. Herufi mbili. Ku siyo sehemu yake. Imewekwa pale kukishikilia, kwa sababu Kiswahili kinapenda kuweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na neno la silabi moja halina pa kuuweka. Ndiyo maana pwani wanasema anakula, lakini wakikataa ku inatoweka: hali, sili. Kwetu ku imeganda moja kwa moja, hatuiondoi hata kwa nyundo. Tukule, nikikula, na hata kukula, ku mbili mfululizo, mtu ashibe vizuri. Mzizi wenyewe umetapakaa Afrika nzima ya Kibantu: kwa Mashi okulya, Kinyarwanda kurya, Kilingala kolia, Kikongo kudia. Ukimwambia Mkongo wa lugha ya Kibantu kwa lugha yako kwamba unataka kula, hata asipoelewa maneno mengine, hilo ataligundua.

Na mambo tunayoyala! Chakula ni sehemu ndogo. Mtu anakula kiapo, anakula njama, anakula hasara, anakula rushwa. Mzee amekula chumvi nyingi. Waganda wakimtawaza mfalme husema amekula ufalme, na nadhani hakuna nchi katika eneo letu hili inayohitaji kufafanuliwa maana yake. Hapa mjini tunasema tu "alikula makuta", yaani pesa, na kila mtu anajua si mkate uliozungumzwa. Kuna methali moja ya pwani ninayoipenda kuliko zote kwa sababu ukiisema haraka inakuwa kama ngoma: mla mla leo, mla jana kala nini? Nilimsomea mama. Akasema, "Basi kula leo," akaniongezea sambaza.

Huyo sambaza, kwa kupita tu, naye ni mgeni kama duka. Aliletwa toka ziwa Tanganyika mwishoni mwa miaka ya 1950, na leo hakuna mtu wa Kivu anayekubali kwamba hakuwapo tangu uumbaji.

Kibao kilibaki pale kimeegemezwa ukutani, hakijatundikwa, hakijafutwa. Nikaenda kwa rafiki yangu anayenikatia mabati na kuchomelea vyuma. Yeye asili yake ni Kasongo, huko Maniema, Mwislamu wa ukoo wa Waislamu, na Kiswahili ni lugha ya nyumbani kwao tangu vizazi. Nikamweleza. Alikuwa amevaa miwani yake ya moto, hakuivua.

"Kwani la si ni hapana?" akauliza.

Nilikuwa nimeisahau hiyo! Sisi tunasema apana, bila h, imekwisha. La ya kukataa tunaisoma kwenye vitabu: atakuja au la. Kwake yeye ni neno la kwanza la shahada, la ilaha illa Llah, analitamka kuliko mimi ninavyotamka jina langu. Akaanza kunihesabia jamaa zake kwa vidole vyenye masizi. Wala, hiyo ni "na la". Bila, ni "kwa la". Ila, ndani yake kuna "kama la". Bilashi, yaani bila kitu, bure. (Kwa hiyo alama zangu za Kifaransa ni za bilashi, neno hilo nimeliiba, nitalitumia kwa wateja.)

Halafu akanitolea labda, na hapo nikakaa chini kwenye gurudumu la gari.

Kwa Kiarabu, alisema, ni la budda: hapana budi. Budi hiyohiyo ya sina budi. Yaani neno lilipoondoka Arabuni lilikuwa na maana ya lazima, hakuna njia nyingine, litatokea tu. Lilipofika kwetu likawa huenda. Sijui lilikutana na nani njiani. Mimi nawashuku mafundi. Fundi cherehani anapokwambia suruali itakuwa tayari labda kesho, nyote wawili mnajua haitakuwa. Na mwanzoni neno hilo lilikuwa kiapo. Rafiki yangu alicheka, akasema hata hili bati ninalolingoja kwake litakuwa tayari labda kesho, kwa Kiarabu. Lilikuwa tayari siku nne baadaye, kwa Kiswahili.

Sasa la ya mwisho, nayo nitaipita upesi kwa sababu wanakwaya wenzangu wataniambia naringa. Mimi naimba tena katika kwaya ya parokia. Kabla ya kuanza, kiongozi wetu anatoa diapazoni yake, ile uma ya chuma yenye meno mawili, anaigonga kwenye goti, kisha anausimamisha mpini wake juu ya benchi la mbao. Benchi lote linaimba. Sauti ndogo kama ya mbu mwenye adabu. "La," anasema. Nasi tunaitafuta midomoni mwetu, waalto kwanza. Chombo hicho kilibuniwa na mpiga tarumbeta wa London, John Shore, mwaka 1711, na la yenyewe mataifa yalibishana juu yake kama mimi na mama. Ufaransa mwaka 1859 iliiwekea sheria, mitetemo 435 kwa sekunde; mwaka 1939, kwenye mkutano wa London, wakaafikiana 440. Yaani la yote kabla ya hapo ilitegemea unaimba mji gani. Hilo lilinifariji.

Jina lake lilitoka wapi? Kwa mtawa wa Kiitalia wa karne ya 11, Guido wa Arezzo, aliyekuwa anawafundisha wavulana kuimba. Alichukua utenzi wa Kilatini wa Yohane Mbatizaji, ambamo kila kipande kinaanza sauti moja juu ya kilichotangulia, akachukua silabi za mwanzo: ut, re, mi, fa, sol, la. La ni mwanzo wa labii, ya mdomo. Wanamwomba mtakatifu aondoe doa la midomo michafu, ili waimbe vizuri. Mdomo, basi. Niliposoma hilo nilifikiria mdomo wa mama ukitafuna bugali, ukikataa kibao changu, ukifanya ishara ya msalaba.

Kwa nini nang'ang'ana hivi na jambo dogo? Kwa sababu nimetumia maisha kuamini kwamba ninaandika maneno na watu wanayasoma. Si hivyo. Mimi naandika mikwaruzo, L yenye mguu uliokatwa na A yenye mkanda, na maneno watu wanakuja nayo wenyewe toka nyumbani. Padri akipita pale mbele anasoma Kwa jina la Baba. Rafiki yangu wa Kasongo anasoma hapana, na kwake kibao kinasema Duka Hapana Mbegu, alinitania hivyo kwa wiki nzima. Mtoto aliyetoka shule ya Kifaransa anatafuta jina la kike. Hata mtaa wa La Botte kule chini ziwani, ambao Wabelgiji waliuita hivyo kwa umbo lake la buti, kuna wazee wanaoutamka Labote, neno moja, na la haipo tena humo, imemezwa kama y ya bibi.

Baada ya wiki mama akanipigia simu. Kumbe alikitundika mwenyewe, akisema kibao kilicholala ukutani kinaita wezi. Nikaenda na chupa ya petroli, kitambaa, na rangi nyeupe ya kufunika L. Ningeifanya YA, bei ni ileile, herufi mbili kwa mbili, nami nilikuwa nimekwisha kujishinda.

Nikakuta mtu amepanda usiku. Juu ya A, katika lile shimo la hewa lililonisumbua, amechora kwa makaa alama ya Kifaransa. Amechora vizuri, imeinama upande wake sahihi, huyo amesoma. DUKA LÀ MBEGU.

Nikaweka ngazi. Nikamwaga petroli kidogo kwenye kitambaa. Wakati huo motari, dereva wa pikipiki, akasimama, abiria wake mama mmoja mwenye kikapu, toka milimani kwa viatu vyake vyenye tope jekundu. Motari akaonyesha kibao kwa kidevu. "Ni hapa, mama. Duka-là." Mama akashuka, akalipa, akaingia ndani kuuliza bei ya mbegu za kabichi.

Mwenye duka alikuwa amesimama mlangoni, amesikia yote. Akaniangalia juu pale nilipokuwa na kitambaa changu.

"Wacha kwanza," akasema.

"Niwache nini, herufi ao alama?"

"Yote. Na ile makaa, uipitishie rangi, mvua isiioshe." Akageuka kumhudumia mteja, kisha akarudisha kichwa nje. "Si ulisema alama ni bure?"